Kikao cha Mize Katika Madirisha ya Wewetu

Sogeeni, mkae karibu karibu, maana nchi ninayoisimulia haina kiti cha watu wawili. Mabenchi ya huko ni ya mtu mmoja, vikombe huuzwa kimoja kimoja, na mwavuli hauwezi kumfunika mtu pamoja na kivuli chake. Inaitwa Wewetu. Njia ya kufika siielezi. Wanaotaka kwenda hawajawahi kuuliza njia.

Mize alikwenda huko kumfuata mumewe. Shaame alikuwa fundi wa kuziba sufuria, mtu mpole, mikono myeusi kwa masizi, na alikuwa na kichekesho. Nasema kichekesho kwa sababu kilikuwa kimoja. Kilihusu bwana mmoja aliyemletea sufuria iliyotoboka chini, naye Shaame akamwambia, basi wewe pikia juu. Alikisimulia siku ya harusi, Mize akacheka hadi ushungi ukamdondoka. Alikisimulia tena fungate haijaisha, Mize akatabasamu. Miaka ikaenda. Ikafika pahala Shaame akianza tu, "Bwana mmoja alileta sufuria," Mize, mikono ikiwa kwenye unga, anamalizia yeye: "Ukamwambia apikie juu. Haya, niletee kuni." Hakuwa na nia mbaya. Unga ulikuwa unamngoja. Lakini siku moja Shaame alifunga nyundo na koleo lake kwenye gunia, akasema anakwenda kutafuta kazi miji ya mbele, na hakurudi.

Habari zilizokuja ni kwamba yuko Wewetu, mzima wa afya, na amepata dirisha.

Mize alipoingia mjini, kwa kuwa ni mtu aliyelelewa, alimsalimu muuza mikate. Yule bwana akageukia ukutani upesi, kama mtu aliyemwagiwa maji. Akamsalimu mama aliyekuwa akifagia, ufagio ukaanguka. Askari akaja, naye akazungumza akitazama viatu vyake mwenyewe, akamweleza mgeni kwamba salamu ni kipande cha moyo, na katika nchi hii moyo haukatwi vipande. Mkate huwekwa kizingitini, mnunuzi akauchukua muuzaji akiwa amempa mgongo. Kuna mtu, askari alisema kwa huzuni, aliyechukua mkate kwa muuzaji yuleyule mwezi mzima, mpaka wakajuana kwa kikohozi. Ilibidi watenganishwe.

Alipelekwa kwa Mkuu wa Madirisha, Bwana Kilindo, mtu safi, kanzu imenyooka, ambaye naye alimpokea kwa kumpa mgongo. Alikuwa na kisogo cha heshima. Ni yeye aliyemfahamisha Mize mambo ya nchi, bila haraka na bila majivuno, kama mtu anayeeleza mvua hunyesha vipi.

Mji wote, alisema, ni ukuta mmoja mrefu wenye vyumba. Katika kila chumba pana kigoda, pana dirisha la wavu wa mbao, na juu ya dirisha pana taa saba. Nyuma ya wavu yupo mpenzi. Huonekana kivuli chake tu, na husikika sauti yake, nayo ni ya kunong'ona. Mtu akiketi, neno la kwanza analoambiwa ni, "Nilikuwa nakungoja wewe tu." Akimpendeza mpenzi wake kwa maneno mema na zawadi, taa moja huwashwa. Na akikosea, akisema neno baya au akiudhika, hutoka nje, hufunga mlango, hubisha hodi upya. Akiingia tena, lile neno halikusemwa. Mpenzi hakumbuki. Hiyo ndiyo Sheria ya Mlango, na ndiyo fahari ya Wewetu. Huku kwetu, Bwana Kilindo alisema, hakuna aliyewahi kuachwa, kwa kuwa hakuna aliyewahi kukosea.

"Na taa zote saba zikiwaka?" Mize aliuliza.

"Tunajenga ukuta mlangoni. Anabaki na mpenzi wake. Chakula hupitishwa tunduni."

"Na wale wengine waliokuwa wakimjua?"

"Wengine gani?" Bwana Kilindo akauliza, na aliuliza kwa dhati kabisa.

Shaame alikuwa na taa sita.

Nchi ile ilikuwa na adabu zake, na mojawapo ilikuwa Haki ya Kikao. Mtu wa nje akija kumdai mtu wa ndani huruhusiwa kukaa nyuma ya wavu mara moja, mahali pa mpenzi. Dai likishinda, yaani mwenye kigoda akitoka langoni kwa miguu yake, basi waende. Sheria iliiweka haki hiyo kwa sababu haikuamini kwamba kuna mtu atakayeshinda. Lakini anayekaa dirishani ana masharti matatu: acheke kila anapochekeshwa, asikumbuke lolote lisilopendeza, na asiombe kitu.

"Na akivunja sharti?"

Kisogo cha Bwana Kilindo kilifikiri. "Adhabu haikuandikwa. Hapajatokea aliyevunja." Kisha akasema jambo ambalo Mize alilala nalo usiku kucha. Alisema, mama, usidhani nakutakia mabaya. Ukikaa vizuri, ukacheka vizuri, taa ya saba itawaka mikononi mwako. Tutakujengea humo humo. Yeye atakuwa upande wake na wewe upande wako, na hatamwangalia mwingine mpaka kufa. Wewe tu. Ni mke gani aliyewahi kupewa hivyo?

Mize alikuwa na majibu, lakini yote yalikuwa na mashimo.

Kesho yake, akisubiri zamu yake, alishuhudia maziko. Mzee wa chumba cha jirani alikuwa amefia kwenye kigoda chake. Waliopakana naye hawakujua, maana kujua ni kusikiliza, na kusikiliza ni kutoa kipande. Sheria husema mwenye haki ya kumlilia mtu ni mpenzi wake pekee, na dirisha haliwezi kuondoka ukutani kwenda makaburini. Kwa hiyo wanaume wawili waliofungwa vitambaa machoni walimvuta marehemu kwa mti wenye ndoano, polepole, bila kumdhalilisha, na njia nzima ilikuwa migongo ya watu. Mize alibaki mlangoni. Ndani, kutoka nyuma ya wavu, ile sauti ilikuwa bado inanong'ona: "Mbona leo kimya? Nilikuwa nakungoja wewe tu." Ilingoja kidogo. Ikasema tena. Mize akamsomea marehemu alichokijua, kwa sauti ya chini, na askari akavumilia, kwa kuwa ni mgeni.

Mchana alipelekwa kuona Baraza. Wajumbe huketi kila mmoja ndani ya kijumba chake, wakizungumza na ubao. Hoja ya siku ile ilikuwa nzito: je, mtu akimkumbuka mama yake akiwa kigodani, amelisaliti dirisha? Mjumbe wa kwanza alisema mama ndiye hatari kuliko wote, kwa kuwa alitangulia kumwambia mtu "wewe tu" kabla dirisha halijapata nafasi. Mjumbe wa pili akampinga vikali. Alisema mama yake yeye aliwaambia neno hilohilo watoto sita, na neno linaloambiwa sita si neno la mapenzi, ni kelele. Kwa hiyo mama hana madhara. Wajumbe wote wakaafiki kwa kugonga mbao. Mize alitazama huku na huku aone kama kuna hata mmoja aliyeshtuka. Waliandika uamuzi kwamba mama aruhusiwe kukumbukwa, isipokuwa sura yake.

Jioni alikabidhiwa kwa Salme, mwanamke wa nyuma ya wavu, ili afundishwe kazi. Salme alikuwa amejifunga kitambaa cha maji moto kwenye taya. Alikuwa akihudumia ukuta mzima wa kusini, madirisha hayo ni mengi, akipita ushoroba mwembamba kutoka wavu hadi wavu, wewe tu hapa, wewe tu pale, na kwa kuwa hunong'ona, na minong'ono yote ni ndugu, hakuna aliyeona tofauti akiugua akasaidiwa na mwenzake.

"Dada yangu, kucheka ni kazi ya kutwanga," alimwambia Mize. Alikuwa mtu wa kwanza kumtazama usoni tangu afike; nyuma ya wavu hapana sheria ya kupeana migongo. "Kuna mmoja ana kisa cha sufuria. Kila siku. Mara mbili siku ya Ijumaa."

"Huyo ni wangu," Mize akasema.

Salme akamwangalia kwa muda, akamsogezea kile kitambaa cha maji moto. Mize akakikataa kwa shukrani.

Akauliza kama wale wa vigodani hawajui kwamba mpenzi wao ni mmoja. Salme akasema wanajua. Hakuna asiyejua. Wanajua kama watu wanavyojua kifo: wanakijua, na wanaendelea kununua viatu. Jambo baya huko si kujua, ni kukaa karibu na mwenzako mkajua pamoja. Kisha akatazama jua, akafunga ushungi wake haraka, akasema amechelewa. Mize akamuuliza anakwenda wapi.

"Kwenye dirisha langu," Salme akasema, na uso wake uliochoka ukanawiri. "Ananingoja mimi tu."

Zamu ya Mize ikafika asubuhi. Aliketi nyuma ya wavu, akavuta pumzi. Mlango ukafunguka, na Shaame akaingia. Alikuwa amekonda, lakini amenyoa, amechana ndevu, na mikono yake ilikuwa safi. Mize hakuwahi kuiona mikono ile safi, hata siku ya harusi. Ikamuuma kuliko alivyotegemea.

Akanong'ona kama alivyofundishwa: "Nilikuwa nakungoja wewe tu."

Shaame akaketi, akapenyeza zawadi yake, utepe wa manjano, kwenye tundu la wavu, akaanza kusema. Jamani, yule mtu alisema. Alisema usiku alikuwa akiwaza namna kivuli cha mpenzi wake kinavyoinamisha shingo. Alisema akiisikia sauti yake husahau kwamba amezeeka. Alisema tangu azaliwe hakuna aliyemsikiliza hadi mwisho wa sentensi. Mize, aliyekuwa amekaa naye kitanda kimoja miaka yote ile, aliambiwa hayo kwa mara ya kwanza, na aliambiwa kwa kuwa yeye si yeye. Akaona wivu, na mtu wa kumwonea wivu akawa ni kivuli chake mwenyewe. Na, tusifichane, alikaa akayasikiliza. Kazi yake ilikuwa kumtoa pale, lakini aliacha maneno yaje, moja baada ya moja, mpaka akaanza kuelewa Bwana Kilindo alikuwa akimuuzia nini. Acheke mara moja tu. Taa itawaka. Atasemwa hivi maisha yake yote.

Ndipo Shaame akajiweka sawa kwenye kigoda, akakohoa kidogo.

"Bwana mmoja," akasema, "alileta sufuria."

Mize akaiona furaha iliyokuwa ikikusanyika usoni pake, furaha ya mtu anayejua kicheko kiko njiani. Akafungua mdomo acheke. Kicheko hakikuwepo. Kilichokuwepo ni kile alichokizoea, na kikatoka chenyewe:

"Ukamwambia apikie juu."

Shaame hakukasirika; huko hawana haja ya kukasirika. Alisimama, akatoka, akafunga mlango, akabisha hodi. Akaingia na uso mpya, akaketi.

"Nilikuwa nakungoja wewe tu," Mize akanong'ona.

"Bwana mmoja alileta…"

"Sufuria, imetoboka chini. Ukamwambia apikie juu."

Akatoka tena. Safari hii alikawia nje. Mize alikiona kivuli cha miguu yake chini ya mlango, imesimama, haijui iende wapi. Hodi ikaja pole. Akaingia, akaketi. Taa sita zilikuwa zikiwaka juu yake. Akausogelea wavu mpaka pua ikagusa mbao.

"Unakumbuka," akasema.

"Nakumbuka."

"Mize?"

"Eeh."

Mtu angedhani angeruka kwa furaha, au angekimbia. Shaame alishika magoti yake kwa ile mikono safi na akaanza kumsihi. Alisema abaki humo humo. Alisema, kama ni yeye, basi ndiyo bora zaidi. Acheke mara moja tu, taa iwake, wajengewe. Hatamtazama mwingine. Nyumbani, alisema, wewe una unga, una kuni, una majirani, una shoga zako wa kisimani, mimi napata kilichobaki. Humo ndani una mimi tu.

"Humo unanipenda," alisema. "Nje unanijua."

Mize alikaa na neno hilo. Lilikuwa kweli nusu, na nusu hiyo ilikuwa kubwa. Aliona kwamba akimwambia uongo atamwamini, na kwamba ndiyo sababu hapaswi kumwambia. Alikwisha kukumbuka, sharti moja limevunjika. Kucheka hakucheka, la pili hilo. Akaona amalizie na la tatu.

"Nina ombi," akasema, na hakunong'ona tena.

Nyuma yake, kwenye ushoroba, Salme alisimama ghafla, mkono kwenye taya. Katika nchi ile dirisha halijawahi kuomba.

"Sufuria yangu ya uji inavuja," Mize akasema. "Tangu umeondoka."

"Yuko fundi Hamadi sokoni," Shaame akasema kwa sauti ya kukwaruza.

"Najua yuko. Sikumpelekea."

"Kwa nini?"

"Ile ni kazi yako. Hakuna mwingine aliyewahi kuigusa."

Shaame akainamisha kichwa. Kisha ule ufundi ukamwamka, akauliza, kama alivyokuwa akimuuliza kila mtu, tundu liko upande gani.

"Chini."

"Sasa unapikaje?"

Mize akamtazama kupitia vitundu vya wavu, mume wake aliyekonda, amekaa chini ya taa za mji wa watu.

"Napikia juu," akasema.

Shaame hakuwahi kuambiwa kichekesho kile; maisha yake yote alikuwa akikitoa. Kwanza alitoa macho. Halafu mabega yakaanza kutikisika, kikaja kicheko kibovu, cha kukohoa, chenye machozi ndani yake, kicheko cha mtu ambaye hakujua kwamba kile kitu chake kinachekesha kweli. Na Mize, ambaye kicheko chake kilikuwa kimekataa kuja, akacheka kwa kumwona yeye. Ukuta mzima wa kusini ulisikia. Milango ikafunguka ufa kidogo, migongo ikageuka nusu. Inasemekana watu wawili walitazamana, lakini askari hawakuthibitisha.

Taa ya saba haikuwaka. Wala zile sita hazikuzimika; zilibaki kuwaka juu ya kigoda ambacho Shaame alikiacha, akatoka kwa miguu yake, na Bwana Kilindo alisimama chini yake muda mrefu akitafuta katika sheria jina la jambo lililotokea. Alipolikosa, aliamuru waondoke kabla ya adhuhuri, na aliwapa mgongo. Langoni Mize alimgeukia Salme, akamkaribisha waende wote. Salme alitabasamu, akasema hawezi. Anangojwa.

Nyumbani Shaame aliziba ile sufuria siku ya kwanza. Mikono ikarudi kuwa myeusi. Yale maneno matamu ya dirishani hayakurudi yote. Mengine yalikuja mara mojamoja, yakikwama kooni, wakati Mize ana unga mikononi, naye alijifunza kuuacha unga ungoje. Kichekesho kiliendelea. Siku nyingine Mize alikimalizia, siku nyingine alimwachia.

Lakini mtu akitoka Wewetu, Wewetu yenyewe humtoka polepole. Asubuhi moja Shaame, ameamka na mgongo unauma, alionja uji akasema hata wa mahabusu una ladha kuliko huu, na kwamba huenda sufuria ilikuwa na busara ilipokuwa ikiumwaga. Neno likatua. Mize akaweka upawa chini. Shaame akaliona alilolifanya, na miguu yake ikafanya ilichozoea: ikasimama, ikatoka, ikafunga mlango.

Mize alikaa akiutazama ule mlango. Uji ulikuwa ukitokota.

"Hodi," Shaame akasema nje, kwa sauti mpya, safi, isiyo na kosa lolote.

"Nani?"

"Mimi."

"Wewe yupi? Yule aliyeutukana uji wangu?"

Jirani alipita, akamsalimu Shaame, hakujibiwa. Kuku alikwaruza chini ya dirisha. Mize alingoja, hakusogea, na hakumsaidia hata kwa kukohoa.

"Huyo huyo," Shaame akasema.

"Basi karibu," Mize akasema, na akainuka kumfungulia.